Jina Mwanakupona: ni jina la ugonjwa?

*"Shikamoo mtaalamu. Naishi Dar es Salaam, kwetu Morogoro. Mume wangu kwao ni Siyu, kisiwa cha Pate, Lamu. Miezi miwili iliyopita nilijifungua binti kabla ya wakati, njiti wa kilo moja na nusu, tukakaa hospitali wiki tano. Alhamdulillahi sasa tuko nyumbani, ananyonya na uzito unapanda. Shangazi yake mume wangu kapiga simu kutoka Siyu, anataka mtoto aitwe Mwanakupona. Mume wangu kafurahi, mimi nikanyamaza. Mama yangu mzazi hataki hata kulisikia: anasema ni jina la ugonjwa, jina huumba, mtoto atakuwa mtu wa kuumwa na kupona maisha yake yote, na tena si jina la dini. Mdogo wangu aliye chuo naye anasema Mwana Kupona ni yule mama aliyewafundisha wanawake kuwa watumwa wa waume zao. Kadi ya kliniki mpaka leo imeandikwa 'mtoto wa' halafu jina langu, na akika tuliiahirisha kwa sababu ya hospitali. Jina hili maana yake hasa ni nini, limetoka wapi, na je, nimpe mwanangu?"*

Marahaba mwanangu, na hongera ya uzazi. Wiki tano za kukaa na njiti hospitali si mchezo, na sishangai kwamba hata neno "kupona" sasa linakugusa pabaya kuliko linavyomgusa shangazi aliyeko Siyu, ambaye habari zote alizipata kwa simu.

Katika barua yako mna maswali matatu yaliyofungwa furushi moja. La mama ni la maana ya neno. La mdogo wako ni la mwenye jina, yule mshairi wa zamani. La tatu ni lako, nalo umelificha kwenye maneno mawili: "mimi nikanyamaza". Nitayafungua kwa zamu, na hilo la mwisho nitalirudia, maana ndilo lenye uzito.

Tuanze na kupona. Ugonjwa katika Kiswahili una majina yake, tena tele: maradhi, ndwele, uele, ukongo. Kupona ni kutoka humo. Wala si mgonjwa peke yake anayepona. Mvuvi ambaye dau lake limepinduka akaogelea mpaka ufukweni amepona, hata kama mwaka mzima hakuugua mafua. Aliyekoswakoswa na lori tunasema kaponea chupuchupu, au kaponea tundu la sindano. Msikilize mtu anayesimulia ajali: "Ponapona yangu ni ule mwembe." Hapo hakuna dawa wala daktari, kuna mtu aliyekuwa karibu kufa na akabaki. Hiyo ndiyo maana pana ya neno, na katika ushairi wa zamani wa pwani ndiyo inayotumika sana: kuokoka, kusalimika, kubaki hai.

Tazama pia umbo lake. Kupona ni kitenzi kilichovaa ku-, yaani jina la tendo lisilotaja nani wala lini. Mtoto angeitwa Apone, mama yako angekuwa na hoja nzito, maana anayeombewa apone bado yuko kitandani. Angeitwa Amepona, ingekuwa taarifa ya siku moja, kama ile mliyoipata asubuhi ya kuruhusiwa kurudi nyumbani. Kupona halina siku wala halimtaji mgonjwa. Linaweza kuwa la mtoto, la mama aliyemzaa, hata la nyumba nzima iliyokuwa haina usingizi. Wazee waliotunga majina ya namna hii walilijua hilo, na nadhani ndiyo sababu walipenda kuacha kitu wazi.

(Kwa wapenda sarufi: pona huzaa ponya, kama ona inavyozaa onya. Kumponya mtu ni kumfanya apone, kumwonya ni kumfanya aone. Nalitaja hili kwa sababu mwenye jina tunayemwendea aliugua bila kuponywa, na alichoacha ni maonyo.)

Sasa "mwana". Hapa ndipo watu wengi wa bara, na siku hizi hata wa pwani, wanapoteleza. Tukisikia mwana tunafikiri mtoto, tukaunganisha: mtoto wa kupona, mtoto wa kuugua-ugua. Lakini kwa sarufi ya Kiswahili, mtoto wa kupona kwa kawaida angekuwa "mwana wa kupona". Hiyo "wa" haimo. Haimo kwa sababu mwana wa jina hili ni heshima. Katika Lamu, Pate, Siyu na Mombasa ya zamani, mwanamke mwenye hadhi alitangulizwa Mwana kama mwanamume alivyotangulizwa Bwana. Ni kama tusemavyo leo Bi, au Bibi. Pate ilitawaliwa na malkia katika karne ya 18, Mwana Khadija. Hakuna aliyemwita mtoto. Masimulizi ya Mombasa yanamtaja Mwana Mkisi, malkia aliyekuwako kabla ya Shehe Mvita. Mume wa yule mshairi wa zamani na mshairi mwenyewe waliitwa Bwana Mataka na Mwana Kupona, na ukiyaweka majina hayo pamoja unaona mara moja kwamba maneno hayo mawili ni ndugu.

Heshima hiyo baadaye iligandana na majina yenyewe, ikawa sehemu ya jina la kuzaliwa. Mwanaisha ni Mwana Aisha. Mwanahawa ni Mwana Hawa. Mwanajuma amezaliwa Ijumaa, Mwanahamisi Alhamisi, Mwanaidi sikukuu, Mwanamvua siku ya mvua. Mwanakupona amepangwa kwenye mstari huo huo: heshima mbele, tukio nyuma. Bi Kupona, basi. Jambo la namna hiyo lilitokea hata kwa yule mwimbaji mkubwa wa taarab aliyezaliwa Fumba, Unguja, mwaka 1880. Wazazi walimwita Mtumwa. Alipopata umaarufu akaitwa Siti, neno la Kiarabu la kumheshimu mwanamke, na leo wapo wasichana wengi wanaoitwa Siti bila mtu kukumbuka kwamba hapo mwanzo lilikuwa cheo.

Nikiri kwamba lugha haiishi kwenye daftari la mwalimu. Leo ukimwambia jirani yako wa Temeke kwamba Mwanaidi maana yake ni "Bi Idi", atakutazama. Yeye husikia mtoto wa Idi, na kwa masikio yake hakosei. Kwa hiyo usitegemee kwamba kila atakayelisikia jina la binti yako atasikia heshima ya Siyu. Wengi watasikia kama alivyosikia mama yako, nawe utakuwa na kazi ya kueleza.

Mama amesema pia kwamba jina huumba. Sitamcheka, kwa sababu ni imani ya watu wengi na ina mzizi wa kweli: mtoto huitwa jina lake mara nyingi kuliko neno lingine lolote, na namna linavyotamkwa humfundisha anavyoonwa. Lakini kama jina lingeumba kwa namna anayoiogopa, bibi yangu mzaa mama, aliyeitwa Tabu, asingekuwa mtu mwenye raha kuliko wote niliowafahamu. Alicheza ngoma mpaka magoti yalipomkatalia. Pwani na bara tumejaa akina Shida, Sikujua, Sikudhani, Mkiwa na Chausiku, wengine wazima wenye wajukuu na mashamba. Majina hayo hueleza hali iliyokuwapo nyumbani siku ya uzazi. Visiwani wapo hata walioitwa Kijakazi, na ni hao waliozaliwa baada ya kaka na dada zao kufariki: mtoto alipewa jina la chini ili mauti na husuda zimdharau, zipite. Lile lilikuwa jina la kumficha mtoto. Mwanakupona ni kinyume chake, linamtoa nje na kusema huyu tumebaki naye. Ukimweleza mama tofauti hiyo taratibu, siku ambayo hajachoka, nadhani ataisikia.

Kuhusu dini, nitasema lililo la lugha na historia, kisha nimwachie mwenye fani yake. Hakuna sharti kwamba jina la Mwislamu liwe la Kiarabu; wanachuoni huangalia maana. Mtume (s.a.w.) alibadilisha majina yenye maana mbaya. Alikuwapo mwanamke aliyeitwa Aasiya, kwa herufi ya ain, maana yake muasi, akampa jina la Jamila. (Usilichanganye na Asiya mke wa Firauni, ambalo ni jina lingine kabisa, ni hati zetu za Kiswahili tu zinazoyafananisha.) Kipimo ni maana, na maana ya kupona ni njema.

Tena angalia majirani zake katika Kiarabu. Aisha, jina ambalo mama yako angelipokea kwa mikono miwili, maana yake ni aliye hai, anayeishi. Kutoka mzizi huo huo sisi tumepata kuishi na maisha. Kwa hiyo Mwanaisha na Mwanakupona ukiyafunua ndani ni karibu dada: mmoja yu hai, mwingine amebaki hai. Lipo pia jina Shifaa, yaani uponyaji, poza. Shifaa binti Abdillahi alikuwa miongoni mwa masahaba wanawake, mmoja wa wachache wa Makka waliojua kuandika zama hizo, naye ndiye aliyemfundisha Bibi Hafsa, mke wa Mtume, kuandika. Mwanamke mwenye jina la uponyaji na kalamu mkononi: kwa msomaji wa Kiswahili huyo lazima amkumbushe mtu.

Na huyo mtu ndiye anayemkera mdogo wako.

Mwana Kupona binti Mshamu alizaliwa Pate karibu mwaka 1810, akaolewa na Bwana Mataka, mtawala wa Siyu, yule aliyepambana na Sayyid Said wa Zanzibar na hakutaka kupiga magoti. Mume alifariki, yeye akabaki na binti yake, Hashima. Mwaka 1275 wa Hijria, ambao ni 1858, aliandika utendi wa beti mia na kidogo kumuusia binti huyo. Mwanzoni kabisa anasema kwa nini anaandika: *maradhi yamenishika, hata yametimu mwaka*. Mwaka mzima anaumwa, na hajapata nafasi ya kumwambia mwanawe neno jema. Mwishoni anajitaja kwa jina lake na la baba yake, na kwamba Pate ndiko *alikozawiwa*. Mshairi kutia jina lake na tarehe ndani ya utendi ni desturi ya kale, na ndiyo maana leo hatubishani kuhusu nani aliutunga.

Aliaga dunia miaka michache baadaye. Ukimwambia mama yako hili kabla hujamwandaa, atakujibu "si nilikwambia!", kwamba Mwana Kupona hakupona. Lakini mwanamke huyo alilibeba jina hilo karibu miaka hamsini, akaolewa, akazaa, akatunga, ndipo maradhi yakaja, kama yanavyomjia kila mtu awe anaitwa Kupona au Zuhura. Na wasia wake umebaki. Ulinakiliwa kwa mikono kwa hati za Kiarabu, ukakaririwa na wanawake majumbani, ukachapishwa kitabu mwaka 1934 na Alice Werner na William Hichens, na mpaka leo unasomwa vyuoni. Ndipo mdogo wako alipokutana nao.

Sasa, ana haki kiasi gani? Ana haki kiasi. Utendi unamwambia binti kwamba kiumbe ana radhi tano za kutafuta: ya Mungu, ya Mtume, ya baba, ya mama, na ya tano ni ya mume. Unamwambia ampepee mumewe alalapo, asimwamshe kwa kelele, asitoke bila ruhusa. Msichana wa leo akiyasoma hayo na nyusi zisipande, nitashangaa. Mimi mwenyewe nikisomesha beti hizo darasani husikia minong'ono, na siinyamazishi.

Ila asome wote. Kuna mahali mama anamwambia binti amtunze mume kama kijana asiyejua kunena. Wapo wataalamu wanaocheka hapo na kuuliza: ni utiifu huu, au ni mama mjanja anayemwambia mwanawe kwa fumbo kwamba mume ni mtoto, mjue hivyo mtaishi salama? Mimi naegemea upande wa pili kuliko wa kwanza, ingawa sitagombana na mtu. Kuna beti za usafi na za adabu. Kuna onyo la kutokaa na wajinga. Kuna kuwapenda maskini na kutowadharau. Na sehemu kubwa ya mwisho ni dua, mwanamke mgonjwa anawaombea watoto wake na ndugu zake, anajiombea na yeye. Tena kumbuka aliyeandika ni nani: mjane wa mtawala, mgonjwa, mwenye binti asiye na baba katika mji uliozungukwa na vita. Alikuwa anampa mwanawe silaha zilizokuwapo 1858. Zama hizo mwanamke kushika kalamu na kuwaambia wanawake wenzake "someni nyote" lenyewe ni jambo.

Kwa kifupi, jina limetoka kwenye desturi ya kaskazini mwa pwani, lina maana ya kusalimika, na lina mwenye nalo mashuhuri ambaye hoja zake mnaweza kubishana nazo mezani. Hilo la mwisho naliona ni faida. Majina mangapi yana mtu wa kubishana naye?

Sasa upande wa pili, maana ukiniuliza nimpe au nisimpe nisikufiche.

Ni jina la nadra, na nadra ina gharama. Shuleni Dar es Salaam watamtania. Atapiga chafya, mwenzake atasema "Kupona, umepona?" Atakwenda hospitali, karani ataita jina kwenye foleni na watu wataangua kicheko chema, lakini kicheko. Watalifupisha. Wakikata nyuma atakuwa "Mwana", na wewe unajua vijana wa mjini neno hilo wanalitumiaje: "Oya mwana!" Wakikata mbele atakuwa Kupona, ambalo ni zuri, au Pona, ambalo linasikika kama amri ya mganga. Mkiamua kumpa, chagueni wenyewe mapema la kumwita nyumbani na mlizoee, kwa sababu jina la nyumbani likikaa, la mtaani hukosa nafasi.

Gharama nyingine ni ya ndani zaidi, na hapa narudi kwenye kunyamaza kwako. Jina la tukio huwa ni la wazazi kabla halijawa la mtoto. Zile wiki tano yeye hatazikumbuka hata dakika moja. Wewe utazikumbuka. Kama kila utakapomwita jina hilo utarudi kwenye ile wodi, kwenye mirija na mashine na hofu ya saa nane za usiku, basi hilo ni jambo la kweli kuliko hoja zote za "jina huumba", na una haki ya kulisema mbele ya mumeo na mbele ya shangazi. Wapo kina mama ambao jina kama hilo huwatuliza. Kila wakiita wanasikia shukrani. Wapo ambao huwachoma. Sarufi haiwezi kukuambia wewe ni yupi. Jaribu kwa wiki moja. Mwite mtoto hilo jina mkiwa wawili tu, ukimwogesha, ukimbembeleza. Moyo utakujibu kabla wiki haijaisha.

Kabla ya yote, lakini, kuna swali ambalo hamjamuuliza shangazi, na mimi ningeanza nalo: anamwita nani? Pwani jina kama hilo mara nyingi haliokotwi hewani. Watoto hupewa majina ya mabibi, na mjukuu huitwa ili mtu asisahaulike. Inawezekana kabisa kwamba katika ukoo wa mumeo alikuwako Mwanakupona, mama yake shangazi, au nyanya yake, na shangazi hakuona haja ya kueleza kwa sababu kwao ni jambo linalojulikana. Ikiwa ndivyo, habari ya hospitali huenda haimo kabisa, au imemkumbusha tu jina lililokuwa likingoja. Hapo mama yako naye atakuwa anabishana na marehemu wa watu, jambo ambalo watu wazima hulifanya kwa sauti ya chini zaidi.

Ikiwa jibu la shangazi ni kwamba amelipenda tu kwa sababu mtoto kapona, basi mna uhuru mpana. Mnaweza kulichukua. Mnaweza kubaki na maana mkabadilisha vazi: Shifaa, Afia, Salama, Najati, yote yanazunguka usalama na uzima, na mama hatakuwa na neno. Mnaweza pia kufanya walivyofanya wengi kabla yenu: jina moja la cheti, jina jingine la nyumbani. Mtoto wa pwani mwenye jina la kuandikwa na jina la kuitwa na upande wa baba hana ajabu yoyote. Shangazi akija aite Mwanakupona, mama akija aite Aisha, na mtoto ataitika kote akijua wapi kuna ubuyu. Njia hii ina kasoro moja: jina la cheti ndilo litakalokaa kwenye shule, kitambulisho na pasi, na la nyumbani hufifia wazee wakiondoka. Kama mnataka jina la Siyu lidumu, cheti ndicho mahali pake.

Ukiniuliza ningefanya nini mimi: kama kuna bibi nyuma ya jina, ningempa, bila kusita, na liwe la cheti. Kama hakuna, ningekusikiliza wewe uliyekaa wodini.

Yapo mambo ambayo mimi kwa barua siyawezi. La akika, kwamba imepita siku ya saba kwa dharura ya hospitali na sasa mnaifanyaje, na kama mtoto apewe jina siku hiyo au kabla, nendeni kwa sheikh wenu wa mtaa mkiwa wawili, mkae, mmweleze. Mwulize na kuhusu maana ya jina mbele ya mama yako, akikubali kufuatana nanyi. Neno la sheikh litamtuliza kuliko la mwalimu wa lugha. Na kliniki ya njiti msiikatize hata akionekana mnene namna gani. Jina la kupona halipimi uzito wala halichunguzi macho na masikio. Na wewe mwenyewe, kama bado hulali, au ukilisikia neno hospitali moyo unakwenda mbio, mwambie muuguzi pale pale kliniki. Wanaonana na kina mama wa namna hiyo kila wiki, na hutakuwa wa kwanza.

La usajili halisubiri sana. Usajili wa kawaida wa kizazi ni ndani ya siku 90, na wewe umeshatumia kama 60. Ukichelewa cheti hakikukimbii, ila unaingia kwenye mlolongo wa waliochelewa bila sababu. Nenda ofisi ya wilaya yako ya RITA, wakala wa serikali wa usajili wa vizazi na vifo, ukiwa na kadi ya kliniki na tangazo la kizazi ulilopewa hospitali. Ukifika na jina hili, liandike kama neno moja. Vitabuni utaliona maneno mawili, Mwana Kupona, kwa sababu enzi zile Mwana kilikuwa cheo kinachosimama peke yake. Fomu zetu hazijui vyeo: zinataka jina la kwanza, la kati na la mwisho, na karani akiona nafasi ataandika Mwana kuwa jina la kwanza, Kupona kuwa jina la baba, na baba mwenyewe atasukumwa nyuma. Miaka kumi na minane baadaye binti atakuwa anazunguka na viapo kuthibitisha kwamba Kupona si mwanamume. Kwa hiyo usilitamke tu dirishani. Liandike kwenye karatasi kwa herufi kubwa, MWANAKUPONA, bila nafasi katikati, umpe karani, na cheti kikitoka kisome herufi kwa herufi kabla hujaondoka kwenye kaunta.